Naomba ushauri: mdogo wangu aende kutoa ushahidi au tukae kimya?

Habari za leo wakuu. Niko Arusha, maeneo ya Kwa Mrombo. Mdogo wangu anaendesha bodaboda ya mkataba. Mwezi uliopita saa nne usiku alibeba abiria wawili. Walipofika kwenye giza mmoja akampiga panga begani, wakaondoka na pikipiki. Alichukua PF3 (fomu ya polisi ya kutibiwa), akashonwa nyuzi kumi na moja. Kidonda kimefunga, ila sasa pikipiki yoyote ikizima nyuma yake anaruka pembeni.

Mmoja kakamatwa. Vijana wa kijiweni walitaka kumchoma moto pale pale, balozi wa nyumba kumi akawahi kuita polisi (nami siku ile nilitamani wamchome, nisidanganye). Kosa lenyewe ni unyang'anyi wa kutumia silaha, halina dhamana, na kifungo hakipungui miaka 30. Sasa ndugu zake wanapita dukani kwa mama, wananunua soda, wanasema, "Mama, tuyamalize kifamilia." Hawatukani. Hiyo ndiyo inatutisha zaidi. Mama siku hizi anafunga saa kumi na mbili.

Mwenye pikipiki naye anadai hesabu yake (pesa ya mkataba) kama kawaida!

Najua kuna sheria ya kulinda mashahidi ya mwaka 2015. Aliyewahi kuitumia, ulianzia wapi: kwa mpelelezi au kwa wakili wa serikali? Na hizo soda tuziripoti kama vitisho, au tutaonekana tunakuza mambo?