Dirisha la gemu ni la nani: mwenye kompyuta au aliyetengeneza gemu?

Mleta mada

Wakuu, salaam. Naomba tujadiliane bila matusi.

Juzi nimenunua gemu ya miaka kadhaa nyuma. Kuifungua tu, skrini zangu zote mbili zikawa nyeusi. Moja ikarudi, ya pili ikabaki giza. Gemu imejitanua skrini nzima kwa rezolusheni (idadi ya pikseli, yaani nukta za picha) iliyojichagulia yenyewe. Naingia kwenye mipangilio: kuna sauti, kuna lugha, kuna mpaka rangi ya damu, lakini pa kubadili dirisha hakuna. Nabonyeza Alt+Enter, ya kutoka skrini nzima kwenda dirisha, kimya. Nabonyeza Alt+Tab nihamie programu nyingine nijibu ujumbe wa kazi, gemu ikafa. Nikawaandikia watengenezaji kwa adabu zote. Jibu lao kwa ufupi: hivyo ndivyo tulivyokusudia ichezwe.

Hoja yangu ni hii. Kompyuta ni yangu, skrini ni yangu. Programu nyingine yoyote naivuta kona, naipunguza, naisogeza pembeni. Kwa nini gemu peke yake iwe mgeni anayefika na kuhamisha viti vya sebuleni? Napendekeza iwe lazima, iwe kwa sheria ya kulinda walaji au kwa masharti ya maduka ya gemu, kila gemu ya kompyuta iwe na hali tatu: dirisha la kawaida linalovutika, dirisha lisilo na kingo linalojaza skrini, na skrini nzima. Asiyezitoa asiuze.

Nawasilisha.

Fremu Sitini

Mkuu, pole na yaliyokukuta, ila naomba nitofautiane nawe mapema. Skrini nzima si jeuri ya mtengenezaji. Ina sababu ya kiufundi ambayo watu wa dirisha hamtaki kuisikia.

Gemu ikiwa ndani ya dirisha, picha yake haiendi moja kwa moja kwenye skrini. Inapitia kwanza kwa ile sehemu ya Windows inayounganisha madirisha yote kuwa picha moja. Kwenye Windows 7 uliweza kuizima. Kuanzia Windows 8 haizimiki. Kwenye skrini ya Hz 60, inayobadili picha mara 60 kwa sekunde, kila fremu (picha moja) inakaa milisekunde 16.7, na kupitia kwa huyo dalali kunaweza kukugharimu fremu nzima ya kusubiri. Ukicheza gemu ya kulima mahindi hutaona tofauti. Ukicheza ya kulenga shabaha, utakufa kabla hujamwona aliyekupiga.

Halafu kuna mzigo. Skrini ya 3840×2160 ina pikseli zaidi ya milioni 8, mara 4 ya 1920×1080. Skrini nzima halisi inaruhusu gemu kushusha rezolusheni ya skrini yenyewe, na kadi dhaifu ya picha ikapumua. Mtengenezaji akiifunga hapo, anakulinda wewe usiye na kadi ya maana.

Kioo Kipana

Fremu Sitini, hayo yalikuwa kweli. Yamezeeka.

Ni hiyo hiyo Windows 8 iliyoleta njia mpya ya kukabidhi picha, ambapo gemu haihitaji tena kunakiliwa: fremu iliyokamilika inabadilishana nafasi na iliyopo kwenye skrini, basi. Dirisha lisilo na kingo likifunika skrini yote, dalali wako anakaa pembeni na picha inapita. Windows 10 ikaenda mbali zaidi, ikawa inazichukua gemu zinazodai skrini nzima na kuziendesha kwa njia hiyo kimyakimya, ndiyo maana kwenye sifa za faili la gemu kuna tiki ya kuzima uboreshaji huo. Windows 11 ikaongeza swichi kwa ajili ya gemu za madirisha zinazotumia DirectX 10 na 11 (DirectX ni zana za Windows ambazo gemu hutumia kuchora picha). Ukija kwenye DirectX 12, ule umiliki wa skrini wa zamani haupo kabisa.

Kwa hiyo gemu nyingi leo zinaandika "skrini nzima" kwenye menyu, na chini yake ni dirisha lisilo na kingo lililovaa koti. Unatetea kitu ambacho huenda hujakitumia kwa miaka.

Na hilo la kushusha rezolusheni: siku hizi injini (programu ya msingi ambayo gemu hujengwa juu yake) inachora ulimwengu wa gemu kwa pikseli chache, kisha inaukuza ujaze skrini, huku maandishi yakichorwa kwa ukali wake kamili. Kadi inapumua vilevile, na maneno yanasomeka. Skrini bapa za sasa zina idadi moja tu ya pikseli za asili. Ukiilazimisha skrini kwenda rezolusheni nyingine, inakuletea ukungu. Zile skrini nene za zamani za mrija ndizo zilikuwa hazijali sana.

Fremu Sitini

Nakubali kuhusu DirectX 12. Sikubali kwamba tofauti imekwisha kwa gemu zote, maana gemu za DirectX 9 bado zinachezwa, na huko dirisha ni dirisha. Lakini sawa, hoja yangu imepungua uzito.

Mtengenezaji Mdogo

Nimesoma nikicheka na kuumia kwa wakati mmoja. Mimi natengeneza gemu peke yangu. Neno "lazima" la mleta mada linaonekana jepesi kwa sababu hajawahi kulibeba.

Kwanza nikueleze kwa nini gemu yako ilikufa. Kwenye DirectX 9, gemu iliyomiliki skrini ikipoteza umiliki huo, mfano ukibonyeza Alt+Tab, inapoteza na vitu ilivyokuwa imevihifadhi kwenye kumbukumbu ya kadi. Inatakiwa itambue hilo, iviachie, ivijenge upya. Mtengenezaji akisahau kimoja tu, gemu inaanguka. Kwa hiyo hicho si kiburi, ni kazi iliyoishia njiani.

Sasa njoo kwenye dirisha linalovutika. Mchezaji akivuta kona, kila kipimo ndani kinabadilika. Kitufe nilichokiweka chini kulia kinajua kwamba kiko chini kulia, au nilikiandika kwa namba? Maandishi yakishuka yatasomeka? Mchezaji mwenye Windows iliyokuzwa asilimia 150 ataona nini? Mwenye skrini pana ya uwiano wa 21:9? Na yule wa 4:3 ambaye bado yupo, na ndiye mwenye malalamiko marefu kuliko wote?

Gemu yangu ni ya picha za pikseli kubwa, nimeichora kwa 320×180. Ukiizidisha mara 4 unapata 1280×720. Mara 6, 1920×1080. Safi kabisa. Sasa mtu analeta laptopu ya 1366×768, na ziko nyingi. Hapo ni mara 4.27. Pikseli moja inakuwa nene, ya jirani nyembamba, na uso wa mhusika wangu unakuwa kama umechorwa kwenye nguo isiyopigwa pasi. Nikimwachia mchezaji avute kona atakavyo, kila saizi itakuwa hivyo, na mapitio mabaya nitaandikiwa mimi.

Kioo Kipana

Mbona jibu umelibeba mwenyewe? Chora kwa mara 4 kamili, zinazobaki ziwe nyeusi. Kwenye 1366×768 ni pikseli 43 kila upande na 24 juu na chini. Nani atalia kwa pikseli 24?

Mtengenezaji Mdogo

Hujakutana na wachezaji wangu.

Jicho Moja

Naomba niingie, maana naona mjadala umekaa kwa wenye macho mazima.

Mimi uwanja wangu wa kuona umebana, nauona ulimwengu kama kupitia bomba. Gemu ikijaza skrini ya inchi 27, ramani ndogo iliyo kona ya juu kwangu haipo. Inabidi nigeuze shingo kuitafuta, na nikiipata, adui niliyekuwa namtazama keshahama. Nikiipunguza gemu iwe dirisha la 1280×720 katikati ya skrini, kila kitu kinaingia ndani ya bomba langu. Ninacheza kama mtu mwingine yeyote.

Rafiki yangu ana tatizo la kinyume, anahitaji kila kitu kiwe kikubwa, na anatumia kikuza-skrini cha kompyuta. Kwenye gemu inayomiliki skrini nzima kile kikuza kinamkatalia. Kwenye dirisha kinafanya kazi. Watu wawili, macho mawili tofauti kabisa, na wote dawa yetu ni dirisha.

Kwa hiyo mtu akisema "hivyo ndivyo tulivyokusudia ichezwe", mimi nasikia kwamba sikukusudiwa. Mtengenezaji Mdogo, mimi hizo pikseli zisizopigwa pasi nitazivumilia. Niachie uamuzi huo.

Mtengenezaji Mdogo

Hapo sina jibu la haraka. Nimekusikia.

Mlinda Mizani

Mbona hakuna aliyegusa suala la haki uwanjani?

Chukua Age of Empires II ya 1999, gemu ya kuongoza majeshi. Ukiongeza rezolusheni, gemu haikukuzii picha, inakuonyesha eneo kubwa zaidi la ramani. Mwenye 1280×1024 alikuwa anaona jeshi linakuja, wa 800×600 analigundua likiwa mlangoni. Hapo ukubwa wa skrini ulikuwa silaha. Upande mwingine, wachezaji wengi wa Counter-Strike, gemu ya kupigana risasi, wanachagua 4:3 kwa makusudi na kuivuta ijaze skrini pana, ili miili ya maadui ionekane minene, huku wakipoteza sehemu ya pembeni. Wanajua wanachouza na wanachonunua.

Ndiyo maana wengine wanafunga. Elden Ring ilitoka 2022 ikiwa imebana kwenye 16:9. Mwenye skrini pana anaona mistari myeusi kushoto na kulia, na anayeiondoa kwa modi (nyongeza ya wachezaji) inabidi azime Easy Anti-Cheat, mlinzi wa udanganyifu, na acheze nje ya mtandao. Watu wametukana, ila mantiki ipo: gemu ambayo mtu anaweza kuingia kwako akupige, ni halali mwenye gemu aseme wote tuone sawa.

Sasa mleta mada, sheria yako itamlazimisha na huyu?

Mleta mada

Mlinda Mizani, hili limenifanya niinuke kwenye kiti nizunguke chumba.

Naona nilichanganya vitu viwili. Kuna ukubwa wa dirisha, na kuna upana wa mtazamo, yaani kiasi cha ulimwengu wa gemu kinachoonekana. Dirisha ni samani iliyo ndani ya kompyuta yangu. Mtazamo ni kanuni ya mchezo, kama urefu wa goli. Jicho Moja akipunguza dirisha hadi 1280×720, haoni hata jani moja zaidi ya mpinzani wake. Hajamwibia mtu. Kwa hiyo mtazamo naurudisha kwa mwenye gemu, hasa ya mtandaoni. Abane 16:9 akitaka, aweke mistari myeusi. Lakini asinizuie kuiweka hiyo 16:9 yake ndani ya dirisha.

Na kwa Mtengenezaji Mdogo: dirisha linalovutika kwa kona nalitoa kwenye "lazima". Linatosha dirisha lenye saizi chache ulizozipima mwenyewe. Mara 3, mara 4, mara 6 zako.

Fremu Sitini

Unapunguza bei haraka mkuu. Mimi bado sitaki sheria. Ukishawaita watunga sheria kwenye mipangilio ya gemu, kesho watakuchagulia na mwangaza. Mimi ningeridhika duka likilazimisha ukurasa wa gemu useme kabla ya kulipa: hali zipi za skrini zipo, uwiano upi unakubalika. Duka la Steam tayari linarudisha pesa ndani ya siku 14 kama hujapita saa 2 za kucheza. Mnunuzi akijua mapema, asiyeridhika hanunui, anayejuta anarudisha.

Jicho Moja

Kurudishiwa pesa si kucheza.

Kioo Kipana

Mleta mada, kabla hatujaenda bungeni, hiyo gemu imetengenezwa kwa injini gani? Angalia folda yake. Ukiona folda ndogo inayoishia na _Data, kuna uwezekano mkubwa ni Unity. Basi ongeza haya kwenye chaguo za uzinduzi au mwisho wa njia ya mkato: -screen-fullscreen 0 -screen-width 1600 -screen-height 900. Kama ni Unreal, tafuta GameUserSettings.ini, weka FullscreenMode=2. Kwa gemu za injini ya Source, -windowed inatosha. Hifadhi nakala ya faili kabla hujaligusa, na usilete programu za nje za kulazimisha dirisha kwenye gemu ya mtandaoni yenye mlinzi wa udanganyifu. Anaweza asikuelewe.

Mleta mada

Ni Unity. Nimeweka, imefunguka ndani ya dirisha la 1600×900, skrini ya pili inawaka, na Alt+Tab haiiui tena.

Fremu Sitini

Si unaona? Bila sheria.

Mtengenezaji Mdogo

Fremu Sitini, subiri kidogo, maana hapa naisema kambi yangu. Natumia Unity. Alt+Enter inakuja ikiwa imewashwa yenyewe. Ikikataa, mara nyingi ni kwamba kuna mtu aliingia kwenye mipangilio ya ujenzi akaondoa tiki. Labda kubadili hali katikati ya mchezo kulikuwa kunavuruga kitu, akaona kuficha ni rahisi kuliko kurekebisha. Namwelewa, nimewahi kufanya hivyo. Lakini gharama yote niliyoilalamikia juu kule ni ya kutengeneza dirisha zuri. Dirisha lenyewe injini inalo. Huyu hakukosa uwezo wa kulitoa, alilifunga.

Mleta mada

Ndicho kinachonikera. Aliyejua maneno ya kuandika kwenye njia ya mkato anacheza, asiyejua anaambiwa ndivyo tulivyokusudia. Basi masharti yangu nayaandika upya: usichokuwa nacho hulazimishwi kukijenga, ila ambacho injini inacho usikifiche bila kutoa sababu kwenye ukurasa wa mauzo.

Ila wakuu, tatizo jipya. Nikizungusha kamera, kishale cha kipanya kinatoroka kinaenda skrini ya pili, nabofya, gemu inapotea nyuma ya madirisha mengine. Nimekufa mara tatu tangu nilipowaandikia. Kuna neno la njia ya mkato la hilo pia?

Kioo Kipana

La hilo hakuna. Zima skrini ya pili.