Mjadala: Je, sayansi ya dunia iwe somo linalojitegemea sekondari, au ibaki ndani ya Jiografia?

Mtoa mada, mwalimu wa Jiografia, Arumeru

Ndugu zangu wa Arusha na Moshi, naomba tuijadili hoja ambayo imenisumbua tangu muhula uliopita. Nafundisha Jiografia katika sekondari moja iliyo upande wa mashariki wa Mlima Meru, na kila mwaka nikifika kwenye mada ya volkano huwauliza wanafunzi ni wangapi kati yao wanaishi juu ya volkano. Hunyoosha mkono wawili au watatu, na hata hao huangaliana kwanza, ilhali mlima wenyewe unaonekana dirishani na ukuta uliobeba ubao umejengwa kwa mawe yaliyotoka tumboni mwake. Wanaweza kuchora batholithi na lakolithi, yaani maumbo ya miamba iliyotokana na uji wa moto ulioganda chini ya ardhi, na kuzitaja kwa Kiingereza bila kukosea, maana ndivyo mtihani unavyotaka. Kwamba Meru ilitoa majivu mara ya mwisho mwaka 1910, wakati babu wa babu zao wakichunga mbuzi kwenye miteremko hii hii, ni habari mpya kwao.

Ninaposema sayansi ya dunia ninamaanisha elimu inayochunguza miamba, udongo, maji ya juu na ya chini ya ardhi, bahari na hewa, na hasa namna vitu hivyo vinavyogusana. Mvua inayonyesha leo juu ya Tengeru itapenya kwenye majivu ya kale ya volkano, itayeyusha sehemu ya madini yake, na itakapoibuka kisimani, pengine baada ya miaka mingi, haitakuwa tena maji yale yaliyoanguka kutoka mawinguni. Muhtasari wetu wa Jiografia unayagusa mambo hayo katika mada chache, kisha unahamia kwenye kilimo, viwanda, usafirishaji na idadi ya watu. Pendekezo langu ni kwamba sayansi ya dunia iwe somo kamili lenye mwalimu wake, vitendo vyake na siku zake za kwenda nje, kama Kemia na Baiolojia zilivyo na maabara.

Nitoe mfano mmoja ili nisionekane mpenzi wa mawe tu. Miaka michache iliyopita kijiji jirani na shule yetu kilichimbiwa kisima kirefu kwa msaada wa wafadhili. Maji yalitoka ya baridi, meupe, matamu kuliko ya mtoni. Wazee waliyaonja kwa kiganja na mbuzi akachinjwa. Cheti cha maabara kilifika wiki kadhaa baadaye kikionyesha floraidi mara kadhaa ya kiwango kinachoruhusiwa, na kwa kuwa bomba lilikuwa limeshafunguliwa na kina mama wameshazoea foleni fupi, cheti kiliingia kwenye jalada na maji yakaendelea kuchotwa. Floraidi ikizidi wakati meno ya mtoto yanaundwa, huyatia rangi ya kahawia isiyotoka kwa mswaki wala mkaa, na mtu akiinywa kwa miaka mingi hushambulia mifupa na viungo. Sisi wa huku tunazijua rangi hizo kiasi kwamba mtu akicheka Dar es Salaam huulizwa kama ametoka Arusha.

Chanzo chake si uchafu, wala laana, wala dawa ya serikali, kama nilivyowahi kuelezwa kwenye daladala. Miamba ya volkano zetu ina sodiamu kwa wingi na kalisi kidogo. Kalisi ingekuwapo ya kutosha, ingeikamata floraidi na kuigandisha miambani. Inapopungua, floraidi hubaki imeyeyuka majini. Kuyachemsha hakusaidii, kwa sababu maji yanapungua kwa mvuke na floraidi inabaki pale pale, hivyo kila lita iliyobaki sufuriani inakuwa na nyingi zaidi. Shirika la Afya Duniani linapendekeza isizidi miligramu 1.5 kwa lita. Nchi yetu kwa muda mrefu iliruhusu hadi miligramu 4, kwa sababu ya ugumu wa kupata maji mengine, kabla ya kushuka hadi hiyo 1.5. Nawauliza: ni mwanafunzi gani wa Kidato cha Nne wa Arumeru anayeweza kukisoma cheti kile na kumweleza mama yake?

Mchangiaji, Moshi Mjini

Mwalimu mwenzangu, nilifundisha miaka 31 kabla ya kustaafu, na kila jamii ilipopata tatizo nilisikia mtu akidai tatizo hilo liundiwe somo. Saa za ratiba haziongezeki. Zipo shule ambazo mwalimu mmoja wa Fizikia anahangaika na vidato vyote vinne. Huyo mtaalamu wa miamba utamtoa wapi, na akipatikana, atakubali mshahara wa ualimu wakati migodi inamwita?

Lakini pingamizi langu kubwa si la ratiba. Thamani ya Jiografia ni kwamba inamweka mlima na binadamu katika daftari moja. Chukua barafu ya Kilimanjaro. Anayepima barafu peke yake atakwambia kwamba mwaka 1912 ilifunika takriban kilomita za mraba 12 na kwamba kufikia mwaka 2011 ilikuwa imebaki chini ya 2, naye atakuwa amesema kweli. Wengi wetu hapa Moshi tukisikia hivyo tunahitimisha kuwa barafu ikiisha na mito imekwisha. Kumbe sehemu kubwa kabisa ya maji ya mlima hutokana na mvua na ukungu vinavyonaswa na ukanda wa msitu ulio chini sana ya barafu, na anayeukata msitu huo ni jirani yangu mwenye tanuri la mkaa. Ukilitenganisha somo, barafu itabaki kwako, mkaa utabaki kwa mwenzako, na mwanafunzi hataviona vikikutana.

Mtoa mada

Shikamoo Mwalimu. Nimekusoma mara mbili. Nakubali kuhusu walimu, na kuhusu mkaa sina la kubishia. Ila naomba uone jambo moja: kilichokuwezesha kutuambia kwamba mito inategemea msitu kuliko barafu ni kazi ya watu waliopima mvua kwenye kila kimo cha mlima na kuchunguza maji ya chemchemi yametoka wapi. Umeipinga sayansi ya dunia kwa kutumia matokeo yake. Ninachotaka ni kwamba mtoto ajue namna watu walivyofika kwenye jibu hilo, badala ya kulikariri kama tulivyolikariri lile la barafu.

Mchangiaji, Usa River

Mimi nachimba visima, nina mwaka wa kumi na nne kwenye mashine. Niseme wazi kwamba shule haina kosa hapa. Mkataba unanilipa kwa mita. Mpimaji hutangulia na vifaa vyake, huweka kigingi na kusema maji yapo kwenye mita kadhaa, na mara nyingi yapo. Vifaa vile vinaonyesha dalili ya maji, havionyeshi maji hayo yana nini ndani. Kipimo cha maabara huja mwisho, wakati fedha zimeshakwisha na kiongozi ameshaalikwa kuja kufungua bomba. Kipimo kingetangulia malipo ya mwisho, mngeona mabadiliko kesho asubuhi bila somo lolote jipya.

Halafu kuna kitu huwa kinaniumiza. Tukichimba, kila mita moja tunakusanya vipande vya mwamba vinavyopulizwa juu na hewa ya mashine na kuvipanga chini kwa mstari, chungu kimoja baada ya kingine. Utaona majivu ya kijivu yanayovunjika mkononi, kisha mwamba mweusi mgumu ambao unakula biti ya chuma, yaani ncha ya kutobolea, hadi inakuwa butu, kisha kokoto za mviringo, ambazo ni mto wa zamani uliofunikwa. Historia yote ya mlima iko pale chini kwa mstari, mita mia na zaidi. Watoto wa shule hupita wakatazama mashine. Tukimaliza, vile vichungu tunavisawazisha kwa koleo na kuondoka.

Mchangiaji, Sakina

Mimi ni mzazi na nitakuwa mkweli. Binti yangu ameniambia anataka kusoma mambo ya miamba chuoni, nami nikamuuliza atakula nini. Fundi wa umeme anapata kazi, muuguzi anapata kazi. Tanzanaiti imevumbuliwa Mererani mwaka 1967 na haijapatikana kwingine duniani, na serikali ikaizungushia ukuta mwaka 2018, lakini vijana ninaowafahamu waliokwenda kule wamerudi na vumbi kifuani. Mwalimu, elimu hiyo ni nzuri kwa wazungu wanaokuja na nyundo zao. Mwanangu anahitaji ajira.

Mchangiaji, Machame

Wachangiaji mnazungumza kana kwamba elimu hii ilikuja na meli. Wazee wetu walichimba mifongo, yaani mifereji ya kienyeji ya maji, ikashuka kutoka msituni hadi vihambani kwenye migomba bila kipimo cha maabara, na waliijua miteremko kwa macho: wapi udongo unashika maji, wapi maji yanamezwa na mwamba uliotoboka. Kabla ya kuongeza somo la kigeni, kaeni na wazee waliobaki muandike wanayoyajua. Na hiyo floraidi mnayoiogopa, mbona sisi tunaokunywa maji ya mferejini nasi tuna watoto wenye meno ya kahawia?

Mtoa mada

Nianze na swali la Machame, kwa kuwa ni zuri mno na limebeba jibu ndani yake. Angalia jikoni, kwenye kile kipande cha magadi kinachotiwa kwenye makande ili mahindi na maharage yaive upesi na kuokoa kuni. Magadi yanatoka kwenye maziwa na ardhi za Bonde la Ufa, ambako maji hukauka na kuacha chumvi zake, na floraidi huwa miongoni mwa vinavyobaki. Familia inaweza kunywa maji safi kabisa ya msituni na bado ikamlisha mtoto floraidi kwa kijiko. Kuhusu mifongo sipingani nawe hata kidogo. Mtu aliyeweza kuupitisha mfereji ubavuni mwa mlima bila kupoteza mteremko alikuwa mtaalamu, na ningefurahi afundishe. Lakini floraidi haina rangi, harufu wala ladha, ndiyo maana hata wazee wenye macho makali kiasi hicho waliionja kwa kiganja na kuchinja mbuzi.

Kwa mzazi wa Sakina nina majibu mawili. Kwanza, kuna kazi katika maji, barabara, ujenzi na migodi, na Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na kile cha Dodoma vinafundisha fani hizi. Pili, na hili nalitilia uzito zaidi, mtu haisomi dunia ili tu imwajiri. Aprili 2013 kule Moshono, mjini mwetu hapa, ukuta wa shimo la moramu uliporomoka wakati wa mvua ukawafukia watu waliokuwa wakipakia, zaidi ya kumi wakafa. Desemba 3, 2023 tope, mawe na magogo vilishuka kutoka Mlima Hanang hadi Katesh na kuua watu zaidi ya 80, na kabla miili haijapatikana yote simu zetu zilikuwa zimejaa habari kwamba volkano imelipuka. Wataalamu walieleza kuwa haikuwa volkano: sehemu ya mlima yenye miamba dhaifu ilinyonya maji ya mvua ikazidiwa na kumeguka. Tofauti hiyo si ya darasani. Anayedhani volkano imelipuka atakimbia moto usiokuwapo, na mwaka ujao atajenga tena kwenye mkondo uleule wa tope, kwa kuwa volkano huchukua muda mrefu kurudi lakini mvua hurudi kila msimu.

Na sisi tuna volkano ya kweli pia. Julai 17, 2007 tetemeko la kipimo cha 5.9 lilitikisa eneo la Gelai na kusikika hadi hapa na Nairobi. Nilikuwa nasahihisha madaftari na chai ikamwagika juu ya kazi ya watoto. Ilikuja kufahamika, kwa msaada wa picha za rada za setilaiti, kwamba uji wa moto ulikuwa umejipenyeza ardhini karibu na Gelai, na wiki kadhaa baadaye Oldonyo Lengai ikalipuka na kurusha majivu. Ndiyo volkano hai pekee duniani inayotoa lava ya aina yake, yenye sodiamu nyingi, inayotoka nyeusi na kubadilika kuwa nyeupe ikikaa hewani. Watafiti huvuka bahari kuja kuiona. Mwanafunzi wangu wa Kidato cha Tatu anayetoka Longido alikuwa haijui ila kwa jina la Mlima wa Mungu.

Sasa nirudi kwenye hoja yangu, maana lazima niseme nimesogea. Mwalimu wa Moshi amenishawishi kwamba somo jipya lisilo na mwalimu litakuwa jina tu kwenye ratiba, na kwamba kuikata Jiografia katikati kutaumiza pande zote mbili. Naliondoa pendekezo la somo linalojitegemea kwa sasa. Badala yake napendekeza mambo mawili madogo: vitendo vya nje viwe na alama kwenye mtihani wa Jiografia, kwa sababu kisichotahiniwa hakifundishwi, na majibu ya maabara ya kila kisima yabandikwe pale pale bombani kwa Kiswahili kabla ya mtu yeyote kukata utepe. Hilo la pili nimelichukua kwa fundi wa Usa River, naye nina ombi kwake.

Ndugu, utakapochimba tena upande wetu, usivisawazishe vile vichungu. Nijulishe siku moja kabla nije na Kidato cha Tatu. Tutaleta vifuko vya plastiki, kalamu za wino usiofutika na rula, na kila mwanafunzi atapewa mita yake.

Mchangiaji, Usa River

Jumanne ijayo tunaanza kisima kipya, chini kidogo ya Ngurdoto. Waje na viatu vya kufunika vidole, na waanze kupanga vifuko kutoka namba moja, kwa sababu mita za juu hupita haraka.