Nimeitwa MZIGO juu ya barafu ya Rwenzori na nililipa mwenyewe

Mama_Sangara

Jamani nimeshuka mlima jana jioni, niko hapa Kasese miguu imevimba kama mihogo, simu ndiyo kwanza imepata chaji na hata mume wangu sijamwambia kama niko hai, nimekuja hapa kwanza. Yule jamaa wa kofia nyekundu, mwongozaji wetu wa mlimani. Mnamjua, msijifanye hamumjui, kila aliyepanda kule amepita mikononi mwake. Watu wa kazi yake huwa wanaitwa magaidi, mi nikadhani ni Kiingereza kimepinda tu, kumbe ni Kiswahili sanifu.

Huyo mtu ameniita MZIGO. Kwenye redio koli. Tumefungwa kamba moja mimi na yeye na wale Wajerumani wawili, yuko hatua tatu mbele yangu, nasikia mpaka anavyomeza mate, anabonyeza kile kidude anasema "nina mzigo mmoja huku, haupandi wala haushuki." Haupandi wala haushuki!! Na amesema kwa Kiswahili makusudi kabisa, maana alishaambiwa natoka Kampala na anajua watu wa Kampala Kiswahili kwao ni cha askari na wezi. Sasa mimi nimezaliwa Bombo ssebo, baba yangu alikuwa mwanajeshi, Kiswahili nimekinyonya. Baraza la mawaziri lilikaa 2022 likakipitisha kiwe lugha rasmi ya Uganda, nikafurahi mimi, nikagawa soda, kumbe wamekipitisha ili nitukanwe nacho mita elfu nne na ushee juu ya bahari.

Na neno lenyewe, kati ya maneno yote! Mimi nauza samaki. Kutwa nasema mzigo umefika, mzigo umechelewa, mzigo umeanza kunuka. Mzigo ni SANGARA. Mzigo una mapezi.

Tuanze mwanzo. Ile picha ya tangazo lao la kupandisha watu mlimani mnaijua, pango la barafu la bluu, mtu kasimama ndani kama mdudu kwenye chupa. Nikaipenda, nikaweka akiba miezi tisa, watoto wakala posho na maharage mpaka wakanuna. Tukaanzia Nyakalengija, usiku wa kwanza Nyabitaba, mita 2,651, hapo bado nacheka na watu. Nikapewa gambuti, zote mbili za mguu wa kushoto. Nikauliza, akasema mlima haubagui. Kesho yake unavuka daraja pale mito ya Mubuku na Bujuku inapokutana halafu ndo unaingia kwenye matope ya Bigo banange, matope yanakushika mguu kama mdai, unaruka toka shungi moja la nyasi hadi jingine kama chura mwenye mkopo. Gambuti moja iko kule mpaka sasa hivi. Kuna milobelia mirefu kama nguzo za umeme, mizuri, sikatai, lakini nilikuwa nalia sikuiona vizuri.

Kambi ya Bujuku mita 3,962 kichwa kikaanza kupiga ngoma. Kibanda cha Elena mita 4,541 kimekaa juu ya jabali kama tai, nimelala na nguo zote nilizopanda nazo pamoja na taulo. Saa nane usiku tunaamshwa, taa kichwani, mkanda kiunoni, vyuma vya meno chini ya viatu, mkononi shoka. Tunapanda mawe, tunafika barafu. Nauliza kwa adabu, kaka, pango liko wapi? Mbele. Tunapanda. Kaka, pango? Mbele mama. Kunapambazuka ananionyesha kidole kwenye mwamba mkavu anasema "lilikuwa pale."

LILIKUWA.

Hapo miguu ikakataa. Sikuogopa, andikeni, sikuogopa, miguu ndiyo iliyokataa. Nikachomeka shoka nikalikumbatia. Ndo akatoa redio. "Nina mzigo mmoja huku, haupandi wala haushuki." Yule mama wa Kijerumani akamuuliza amesema nini, unajua alijibu nini? Akamjibu kwa Kiingereza eti anawaambia wenzake huyu mama ana nguvu sana. Yule mama akanipigia makofi! Na glavu zake! Nikamwitikia kwa kichwa!

Wao wakaendelea mpaka kileleni Margherita, mita 5,109, wakapiga picha na kibao. Mimi nikateremshwa kwa kamba. Kama nini? Jazeni wenyewe.

BodaWaNtinda

haupandi wala haushuki hahahahaha nimelazimika kuegesha pikipiki

Fundi_Friji

Dada naomba nieleweshwe pole pole maana mimi ni mtu wa vyuma. Wewe unauza samaki. Una friza mbili, moja nilikutengenezea mimi na bado nakudai elfu thelathini. Kila asubuhi unavunja barafu kwa nyundo. Halafu ukachukua mamilioni ukatembea siku nane kwenye matope ili ukaone... barafu?

Mama_Sangara

Friza yangu haina pango.

Fundi_Friji

Ukiacha kuigandua miezi mitatu linajitengeneza lenyewe, ndicho nilichokukuta nacho mara ya mwisho.

Kijana_wa_Kasese

Mama pole, lakini sisi Wakonzo, wenyeji wa mlima huu, mtuache kidogo. Wazee wetu kule juu wanamjua Kitasamba, mungu wetu, ndiye mwenye mahali, na theluji yenyewe ni Nzururu, sio kitu cha kwenda kukipigia kelele saa kumi na moja alfajiri eti pango liko wapi. Halafu hakuna aliyeiba pango lako. Yule Duke wa Abruzzi, mwanamfalme wa Kitaliano, alipofika kileleni 1906 kulikuwa na mito ya barafu arobaini na kitu kwenye milima sita, kilomita za mraba kama 7.5. Miaka mia baadaye ilikuwa imebaki milima mitatu tu na barafu ya kama kilomita moja na nusu, na toka hapo inazidi kwisha. Babu yangu alikuwa anaona weupe akiwa shambani kwake, mimi nauona kwenye kalenda. Sasa unamkasirikia mtu wa kofia?

Mama_Sangara

Sijamkasirikia kwa sababu ya kuyeyuka. Hata mimi barafu yangu inayeyuka na siwaiti wateja mizigo.

Mwalimu_Mstaafu

Naomba nisahihishe jambo moja. Ile picha si ya Rwenzori hata kidogo, ile ni Aisilandi, kule kwenye barafu kubwa ya Vatnajökull. Pango la namna ile linachimbwa na maji yanayopita ndani na chini ya barafu wakati wa joto, na bluu ile inatokana na barafu iliyoshindiliwa mpaka haina hewa, inameza mwanga mwekundu inabakisha bluu. Na huko huko huwa wanapeleka watu zaidi majira ya baridi, maana joto likija dari halina uhakika. Mwezi wa nane 2024 barafu ilianguka kule wakati watalii wako na mwongozaji wao, Mmarekani mmoja akafa. Kwa hiyo mama, pango kutokuwepo ni heri kuliko pango kuwepo juu ya kichwa chako.

Mama_Sangara

Mwalimu shikamoo. Asante kwa somo. AMENIITA MZIGO.

BodaWaNtinda

mwalimu hajasoma uzi, amesoma picha

Kifaranga_wa_Mbale

Kama ni mapango njooni Elgon huku, yetu ni ya mwamba hayayeyuki, yana popo tu. Ila msije na lile basi la saa kumi na mbili, mnalijua, mimi niliketishwa juu ya gunia la mkaa kutoka Kampala mpaka Mbale, tiketi imeandikwa "siti ya dirishani" na kweli lilikuwa dirishani gunia lenyewe. Kondakta ananiambia nishukuru nina mto. Kwa hiyo huyo dada kuitwa mzigo mi naona kapandishwa cheo, mimi nilikaa juu yake.

Nnalongo_Jinja

Lile basi! Lilinishusha njiani usiku eti tumefika, tumefika wapi, ni miwa tupu pande zote!

Kifaranga_wa_Mbale

Anayevaa miwani ya jua usiku?

Nnalongo_Jinja

HUYO HUYO

Mama_Sangara

Jamani basi lifungulieni uzi wake. Hapa mada ni redio. Natarajia mtu aniambie hivi, binadamu aliyelipa pesa yake anaweza kuitwa hivyo? Kwenye redio inayosikika kambi zote? Nilipofika kambi ya John Matte nikishuka, wapagazi ambao sijawahi kuwaona wananisalimia "karibu mama, ndiye wewe?" NDIYE WEWE. Mpishi akanipa chai akasema kunywa upate nguvu za kushuka. Walikuwa wanajua wote mpaka mpishi!

Mabega_ya_Chuma

Mimi nilikuwa natazama tu nikasema ninyamaze lakini hapana. Mimi ni mpagazi wa njia hiyo hiyo. Mnalia na NENO mzigo, ninyi mnaujua mzigo? Mzungu mmoja alinibebesha gitaa mpaka Bujuku, mvua siku nne, hakulipiga hata siku moja, alilifungua mara moja akamwaga maji akalifunga. Hilo nikasamehe. Lakini juzi juzi hapa, wala wiki mbili hazijaisha, nimebeba begi la mama mmoja wa Kampala, begi zito na halisemi kwa nini, linanichoma mgongoni kitu chenye ncha, nikasema labda ni mashine. Tumefika Nyabitaba akafungua. Pasi. Pasi ya mkaa. Ya chuma, ile ya bibi zetu yenye jogoo juu.

BodaWaNtinda

naegesha tena

Fundi_Friji

Dada?

Kijana_wa_Kasese

Mama Sangara uko hapo?

Mama_Sangara

Kule juu kuna umeme??? Hakuna. Soksi zinalowana kila siku, mvua haikatiki, hewa ile haikaushi hata kitambaa cha mkononi. Mtu mwenye akili atakausha soksi na nini? Mnacheka lakini jioni pale Nyabitaba nani alikuwa na soksi kavu? Hata Wajerumani waliazima! Na huyo mpagazi mwenyewe nilimpigia pasi shati!

Mabega_ya_Chuma

Ulilichoma kwenye kola.

Mama_Sangara

Kwa sababu ulikuwa unanifokea mkaa wa jikoni umeisha!!

Mwalimu_Mstaafu

Kukausha nguo karibu na mwili wakati wa kulala ndiyo njia inayopendekezwa.

Kijana_wa_Kasese

Sasa nimeanza kumwelewa yule wa kofia nyekundu. Labda hakusema wewe ni mzigo, labda alikuwa anaripoti begi.

Mama_Sangara

Begi lilikuwa kambini! Begi halikukumbatia shoka! "Haupandi wala haushuki", mimi ndiye nilikuwa sipandi wala sishuki, ninajua nilichosikia!

Fundi_Friji

Kwa hiyo ni kweli ulikuwa hupandi wala hushuki.

Mteja_Mwaminifu

Samahani nimeingia tu kwa ajili ya jina. Mama Sangara, ni wewe mwenye meza ya pembeni karibu na wauza ndimu? Kijana wako wiki iliyopita ameniuzia sangara ananiambia ni wa leo asubuhi. Macho yake yalikuwa yameingia ndani kama ya mtu aliyefiwa. Nimekaanga nyumba nzima ikahama. Nikarudi kuuliza naambiwa mwenyewe yuko mlimani anaangalia barafu. Barafu ya kuangalia unayo nauli yake, ya kuweka kwenye samaki huna?

Nnalongo_Jinja

Ehe!

Mama_Sangara

Nnyabo usinichafulie jina hapa, samaki wangu wanatoka Ggaba kila siku. Wewe ulinunua saa ngapi?

Mteja_Mwaminifu

Saa kumi jioni.

Mama_Sangara

Saa kumi jioni! Ulitaka akukonyeze? Saa kumi jioni ni bei ya jioni na samaki wa jioni, kila mtu anajua, ulipunguziwa elfu ngapi, hiyo husemi.

Mteja_Mwaminifu

Alipunguza elfu mbili akasema "chukua mama, huu mzigo tunaumaliza."

BodaWaNtinda

mzigo

Kifaranga_wa_Mbale

ulikuwa unapanda au unashuka huo?

Fundi_Friji

Friza ya kushoto ile, nilikwambia gesi inavuja. Nilikwambia mwezi wa tatu. Ukasema unaweka akiba ya safari.

Mama_Sangara

Fundi nitakulipa elfu thelathini zako Jumatatu, niache nimalizane na huyu. Mama wa saa kumi, njoo mezani kesho asubuhi nikupe mwingine, njoo na maneno hayo hayo uyaseme mbele yangu.

Mteja_Mwaminifu

Saa ngapi maana unasema uko Kasese?

Mama_Sangara

Nikipata basi.

Nnalongo_Jinja

Usipande la yule wa miwani.

Mabega_ya_Chuma

Mama na kabla hujaondoka Kasese, pasi yako uliisahau Nyabitaba ukishuka, iko kwa mlinzi, anaegeshea mlango. Mimi siibebi tena, njoo uipandie mwenyewe.

Nnalongo_Jinja

Yenye jogoo? Inauzwa?