Kuzuia mnada wa nyumba iliyowekwa rehani Kenya: zuio, nafuu ya kifungu cha 104, au kukomboa?

Mizani: Wakuu, tulinganishe njia za mkopaji aliyepokea notisi ya benki: zuio la muda (amri ya korti ya kusimamisha mnada), nafuu ya vifungu vya 103 na 104 vya Sheria ya Ardhi ya 2012 (kuiomba korti ilegeze hatua za benki), au kukomboa, yaani kulipa kabla nyundo ya dalali haijagongwa. Ipi inafaa wakati gani?

Kalamu ya Wakili: Anza na kalenda. Mkopaji akikosa kulipa kwa mwezi mmoja, benki hutoa notisi ya kifungu cha 90 cha Sheria hiyo: itaje kosa, kiasi anachotakiwa kulipa, na impe muda usiopungua miezi mitatu. Ukiisha, inafuata notisi ya kuuza ya kifungu cha 96, siku 40. Dalali naye hutoa notisi yake ya kukomboa ya siku 45, na mnada haufanyiki kabla ya siku 14 tangu tangazo la kwanza gazetini. Tunza bahasha zote na uandike siku kila moja ilipokufikia, kwa maana tarehe iliyochapwa juu ya barua si tarehe ya kupokea. Benki ikituma ya 96 wakati miezi mitatu haijatimia, au mume au mke asipopewa nakala, hapo pana hoja ya zuio.

Zuio hupimwa kwa vigezo vitatu vya kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya 1973: kesi yenye mashiko, hasara isiyofidika kwa pesa, na korti ikibaki na shaka, nani ataumia zaidi. Cha pili ndicho kinachowaangusha wengi, kwani korti husema ukishaweka nyumba rehani umekubali ina bei. Na hata ukishinda kwa notisi mbovu, benki huanza notisi upya. Deni liko pale pale.

Zuhura K: Naongeza: kubishania hesabu peke yake hakuzuii mnada. Lipa kiasi usichokibishia, ndipo ubishe kilichobaki. Silaha nzuri ni kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki: mkopo ukishakuwa mbovu, yaani haulipwi inavyopaswa, riba haiwezi kuzidi mtaji uliokuwa unadaiwa siku hiyo. Mtaji ukiwa Sh4,000,000, dai haliwezi kupita Sh8,000,000, mbali na gharama halali za kudai. Omba taarifa yote ya akaunti, uitafute siku hiyo.

Mizani: Na hiyo 104?

Kalamu ya Wakili: Hiyo naipenda kwa mtu ambaye pesa zake zinakuja kweli. Unaweza kuomba tangu notisi ya 90 ikufikie, na kuomba si kukiri kosa. Korti inaweza kuongeza muda, kufuta mauzo au kuweka masharti ya kuuza, hata bei ya chini. Ila peleka mpango: mkataba wa mnunuzi, barua ya benki nyingine inayochukua mkopo. Ombi la huruma tupu halifiki mbali.

Karani Mstaafu: Tafadhali msichelewe hadi usiku wa kuamkia mnada. Andaa hati ya madai, ombi la zuio chini ya Amri ya 40 ya Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai, hati ya dharura, na kiapo chenye notisi zote. Amri ya upande mmoja, itolewayo kabla benki haijasikilizwa, ni ya siku 14, na ipe benki nakala ndani ya siku tatu. Ukificha kwamba mkopo ulishapangwa upya mara mbili, benki italeta barua zenyewe na amri itafutwa. Na fungua Mahakama Kuu: Mahakama ya Rufaa ilisema 2017 kwamba mizozo ya rehani na hesabu zake si ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Ukikosea mlango, siku zinaliwa.

Zuhura K: Angalia pia ripoti ya mthamini. Bei ya kuuzia ikishuka kwa asilimia 25 au zaidi chini ya thamani ya soko, kifungu cha 97 kinaichukulia benki kuwa imekiuka wajibu wake hadi ithibitishe vinginevyo. Na nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzi, rehani yenyewe ina kasoro.

Karani Mstaafu: Yote hayo yaletwe mapema. Nyundo ikishagonga, haki ya kukomboa imekwisha. Mnunuzi hulindwa na kifungu cha 99, nawe hubaki kuidai benki fidia.