Ushauri: Nampeleka mama Chichén Itzá kwa siku moja, ila hataki kuoga kwenye "kisima cha kafara"

Binti Tongoni:
Habari zenu ndugu zangu. Naishi Columbus, Ohio. Mama yangu yuko hapa kwa matembezi kutoka Tanga, ana miaka 68. Mwezi wa tatu tunakwenda Cancún, Meksiko, kwa siku sita: mimi, mama na wanangu wawili, mmoja ana miaka 11, mwingine 6. Tiketi nimeshakata na hoteli nimeshalipia.

Bahari na mchanga mweupe mama havimshangazi. Amezaliwa Tongoni na kukulia jirani na yale makaburi ya nguzo, kwa hiyo ukimtajia magofu macho yanafunguka. Tangu nimwonyeshe picha ya piramidi ya Chichén Itzá, kila jioni ana swali. Nani aliijenga? Walikwenda wapi? Nani anawaombea wafu wao?

Nimepata kifurushi cha dola 65 kwa mtu mzima. Basi linatuchukua hotelini saa moja asubuhi, tunatembezwa magofu kwa saa mbili, tunakula bufee, tunaogelea kwenye cenote (yale mashimo makubwa yenye maji), tunapita mji wa Valladolid, tunarudi saa mbili usiku. Nafasi iliyobaki ni Jumapili tarehe 21 Machi, na wanasema siku hiyo ndiyo nyoka wa kivuli anashuka kwenye piramidi.

Mama ana presha na goti la kulia linamsumbua. Hali nguruwe. Lakini linaloninyima usingizi ni jingine. Mwanangu mkubwa alimsomea bibi yake kwamba Wamaya, wenyeji wa huko waliojenga piramidi hiyo, walikuwa wakitupa watu ndani ya cenote kumwomba mungu wa mvua. Mama akasema palepale: "Mimi sitii mguu kwenye kaburi la watu, na wajukuu zangu hawatii." Watoto wamenuna. Sitaki kumlazimisha mama yangu, na sitaki kumdanganya. Nifanyeje?

Chumvini:
Dada, kabla ya yote badilisha tarehe. Huyo nyoka ni kweli. Machi 20 na 21, na tena Septemba, jua la alasiri linaangukia kingo za ngazi ya kaskazini na kivuli kinakuwa kama nyoka anayeteremka hadi kwenye kichwa chake cha jiwe pale chini. Ndiyo maana siku hizo wanafika watu maelfu kwa maelfu. Hapo hapo ni Jumapili, siku ambayo wananchi wa Meksiko hawalipi kiingilio. Mama mwenye presha utamsimamisha wapi? Uwanja wa piramidi hauna mti.

Nendeni katikati ya wiki, mapema. Halafu kuna jambo la saa ambalo huwachanganya wengi: Cancún iko jimbo la Quintana Roo na Chichén Itzá iko jimbo la Yucatán, na Yucatán iko nyuma kwa saa moja mwaka mzima. Safari ni kama kilomita 200, saa mbili na nusu kwa barabara ya kulipia. Mkiondoka saa kumi na mbili alfajiri mnafika huko saa moja na nusu kwa saa zao, na geti linafunguliwa saa mbili. Mnapata saa nzima na zaidi kabla mabasi makubwa hayajamwaga watu. Kurudi ndiko mnailipa ile saa.

Basi la saa moja asubuhi likizunguka hoteli nne au tano kuokota watu, mtafika jua limeshawaka. Sisi lilituzungusha hivyo, na tukiwa humo ndani ndipo tukaambiwa kiingilio hakimo kwenye bei. Uliza hilo kwa maandishi. Mgeni mtu mzima anakatiwa tiketi mbili, ya serikali kuu na ya jimbo, na zote pamoja zinazidi peso 600.

Binti Tongoni:
Asante sana Chumvini. Nimerudi kusoma tangazo lao, kiingilio hakimo kweli. Imeandikwa chini kabisa kwa herufi ndogo.

Mwana wa Lamu:
Nampa mama shikamoo. Swali lake ni zito kuliko mengi ninayosikia kutoka kwa watalii, basi tumjibu kwa heshima.

Kwanza, cenote ya kafara na cenote ya kuogelea ni mbili tofauti. Ile mwanao aliyoisoma habari zake iko ndani ya eneo la magofu, unaifikia kwa kutembea kutoka kwenye piramidi kuelekea kaskazini. Ni shimo la duara lenye upana wa kama mita 60, kuta zake zimesimama wima na maji ni ya kijani. Hakuna anayeoga pale, hairuhusiwi. Kuanzia mwaka 1904 Mmarekani Edward Thompson alilichimbua kwa mashine, akatoa dhahabu, mawe ya jade, mifupa ya watu wazima na ya watoto, na vipande vya copal. Hii copal mwambie mama ni kama sandarusi yetu, utomvu wa kufukiza. Wazungu waliokuja Zanzibar kununua sandarusi waliiita copal kwa neno hilohilo lililotoka Meksiko. Kwa hiyo watu wale walifukiza na kutoa sadaka penye maji, na mtu wa Tanga aliyewahi kuona vinavyoachwa kwenye mapango ya Amboni hahitaji kufafanuliwa sana.

Pili, sitamficha: ziko cenote nyingine ambazo mifupa imekutwa. Lakini cenote ni maelfu, na zilizo nyingi zilikuwa visima vya kunywa. Kaskazini ya Yucatán haina mito juu ya ardhi. Ni mwamba wa chokaa, mvua inazama yote, inatembea chini kwa chini, na pale paa la pango linapoporomoka ndipo maji yanaonekana. Bila mashimo hayo mji usingekaa. Hata jina Chichén Itzá maana yake ni mdomo wa kisima cha Waitzá, kundi la Wamaya.

Na tatu, lile la "walikwenda wapi". Hawakwenda. Zaidi ya watu laki saba wanazungumza Kimaya cha Yucatán mpaka leo, na wakulima wao bado wana ibada ya kumwomba Chaac, mungu wao wa mvua. Tafuta mwongozaji ambaye mwenyewe ni Mmaya. Getini wapo wenye vitambulisho. Mama amuulize yeye, wewe tafsiri tu. Mimi wa kwangu alinifundisha kusema asante, "Dios bo'otik". Tulipoagana nikaisema, akacheka kwa furaha kabisa.

Nesi Mbeya:
Nazungumza kama nesi, ila daktari wake ndiye wa mwisho. Wazee wengi safarini hawanywi maji kwa kuogopa kutafuta choo. Usikubali. Kama mojawapo ya dawa zake za presha ni ya kukojoza, muulize daktari mapema namna ya kuinywa siku ya jua kali, msiiruke kwa uamuzi wenu. Mwavuli, kofia, na kupumzika kila mkipata kivuli. Piramidi hairuhusiwi kupanda tangu miaka mingi, kwa hiyo goti halina vita hapo. Ardhi ya magofu karibu yote ni tambarare.

Vita iko cenote. Ile maarufu iliyo karibu, Ik Kil, maji yako mita 26 chini ya usawa wa ardhi na unateremka kwa ngazi za mawe zenye unyevu. Kushuka kunaumiza goti kuliko kupanda. Juu kuna mahali pa kusimama na kutazama chini, mama anaweza kubaki hapo. Au ombeni cenote ya wazi yenye ngazi chache. Akiamua kuingia, asijitose. Maji yana nyuzi kama 24 na mwili ukitoka juani unashtuka, presha inaruka. Miguu kwanza, taratibu. Watoto wavae jaketi okozi hata kama wanajua kuogelea, maana hakuna sehemu ya kusimama. Ik Kil ni zaidi ya mita 40 kwenda chini.

Mafuta ya jua msipake. Mtaogeshwa kwanza kabla ya kuingia, kwa sababu maji yale yanaungana na yale wanayokunywa wenyeji. Wavalisheni watoto nguo za kuogelea za mikono mirefu.

Mama Zaituni:
Chakula nisemeeni mie, kilinikuta. Fahari ya huko ni cochinita pibil, nyama iliyokolezwa achiote (kiungo chekundu) na machungwa makali, ikafungwa majani ya mgomba, ikaokwa shimoni. Inanukia vizuri mno, na ni nguruwe. Kwenye bufee hukaa sinia moja baada ya jingine na kijiko kinahama. Tafuteni pollo pibil, hiyo ni kuku, au sopa de lima, supu ya kuku yenye ndimu. Maharage ya kupondwa pia ulizeni kama yana "manteca", ndiyo mafuta ya nguruwe. Mimi nilikula maharage siku mbili nikijua niko salama.

Nguo ya kuogea isimtie hofu. Nilikuwa na burkini ya kitambaa cha kuogelea, hakuna aliyeniuliza. Khanga ndiyo msiingie nayo majini, inajaa maji na kukuvuta.

Mzee wa Ujiji:
Binti, angalia pasi ya mama. Mtanzania anahitaji viza ya Meksiko, lakini mwenye viza hai ya Marekani, au mkazi wa kudumu wa Marekani, anaingia bila hiyo. Kurudi Marekani ndiko kwa kuchunguza: kwenye viza yake, palipoandikwa idadi ya kuingia, pawe na herufi M, yaani anaruhusiwa kuingia mara nyingi. Pakiwa na 1 alishaitumia alipokuja, msisafiri kabla ya kupata ushauri wa mwanasheria.

Binti Tongoni:
Mzee wangu, Mungu akuweke. Ni M, nimeangalia mara tatu. Nimeacha kile kifurushi. Nimepata gari dogo la watu wanane na mwongozaji Mmaya kutoka Valladolid, Jumatano, kuondoka saa kumi na mbili. Bei imepanda ila kiingilio kimo. Nyoka tutamkosa kwa kuwa anaonekana alasiri. Mama amesema nyoka hana shida naye.

Binti Tongoni:
Ndugu zangu, tumerudi. Nawaandikia kabla sijafungua hata mabegi.

Tuliingia getini watu wakiwa wachache. Mwanangu mkubwa alihesabu: ngazi 91 kila upande, pande nne, na ile ya juu kabisa, 365. Mdogo alipiga makofi chini ya ngazi na mwangwi ukarudi kama sauti ya ndege, akapiga tena na tena mpaka nikamwonea huruma mwongozaji. Mama alizunguka taratibu na mwavuli wake. Kwenye uwanja wa mpira wa Wamaya wa kale, ule wenye urefu wa mita 168, alisimama kwenye kivuli cha ukuta na kusema mafundi hawa walikuwa na subira.

Kwenye cenote ya kafara alisimama kwa muda. Nikamsikia akisema kwa sauti ndogo, "Hodi, wenyewe." Mwongozaji akaniuliza amesema nini, nikamtafsiria. Alivua kofia. Walizungumza kama nusu saa, mimi katikati, kuhusu wazee, mvua na mahindi. Nilitamani ningekijua Kimaya mwenyewe.

Ik Kil hatukwenda. Alitupeleka cenote ndogo upande wa Valladolid, ngazi nane tu. Mama akamuuliza wazi: humu kuna watu? Akajibu kwamba bibi yake mzaa mama alikuwa akichota maji hapo kwa kamba, na kila siku ya kuoga watoto walipigiwa kelele wasiyachafue. Mama akacheka, akasema basi ni kisima. Watoto wakaruhusiwa, na hawakutoka mpaka midomo ikatetemeka.

Yeye alikaa ngazi ya mwisho, miguu majini hadi kwenye goti. Akachota kidogo kwa kiganja, akagusa kwa ulimi, akanigeukia. "Hayana chumvi," alisema. Kisima chetu cha nyumbani kina chumvi tangu nikijue.