Mjadala: Call of Duty ni ya nani, ya walioitengeneza au ya walioichapisha?

Kila toleo jipya la Call of Duty, mfululizo wa michezo ya video ya vita, linapotangazwa, huzuka ubishi ule ule. Upande mmoja husema kwamba mfululizo huu ni wa Activision, kampuni inayouchapisha, na tangu mwaka 2023 ni wa Microsoft iliyoinunua Activision, kwa hiyo hakuna la kujadili. Upande wa pili hushikilia kwamba ni wa Infinity Ward, studio iliyotengeneza mchezo wa kwanza mwaka 2003, na kwamba mchapishaji ni mfanyabiashara tu aliyetoa fedha na kubandika nembo yake. Nafungua mjadala huu kwa sababu naamini pande zote mbili zinakosea, na kosa lao linawaumiza watu ambao upande wowote hauwataji.

Tuelewane kwanza kuhusu maneno. Mtengenezaji ni studio, yaani mahali wanapofanya kazi waandaaji wa programu, wachoraji, wahuishaji, waandishi wa hadithi, mafundi wa sauti na wajaribu. Mchapishaji ni kampuni inayolipa mishahara wakati mchezo haujaingiza hata senti moja, inayoafikiana na wenye mashine za michezo kama Sony na Nintendo, inayogharamia matangazo na usambazaji, na inayobeba hasara mchezo ukianguka sokoni. Kazi hizo mbili ni tofauti, lakini mara nyingi mchapishaji humiliki studio yenyewe, kama Activision ilivyoinunua Treyarch mwaka 2001 na Infinity Ward mwaka 2003.

Wanaosema mfululizo huu ni wa Infinity Ward wana haki ya kujivunia mwanzo wake. Studio hiyo ilianzishwa mwaka 2002 na watu waliotoka kutengeneza Medal of Honor: Allied Assault, mchezo wa vita uliochapishwa na Electronic Arts, na mwaka uliofuata wakatoa Call of Duty kwa kutumia injini, yaani programu ya msingi inayoendesha mchezo, ya id Tech 3 iliyotoka studio ya id Software. Hata hivyo, toleo la tatu, la mwaka 2006, lilitengenezwa na Treyarch. Ni Treyarch pia iliyobuni mapambano dhidi ya mazombi katika World at War ya mwaka 2008, sehemu ambayo kwa wachezaji wengi ndiyo sababu ya kununua mchezo. Sledgehammer Games ilishirikiana na Infinity Ward katika Modern Warfare 3 ya mwaka 2011, kisha ikaongoza yenyewe Advanced Warfare ya mwaka 2014, na hapo ukawekwa utaratibu wa studio tatu kupokezana ili kila moja ipate takriban miaka mitatu ya kazi huku sokoni toleo likitoka kila mwaka. Raven Software ilishiriki kutengeneza Warzone ya mwaka 2020, na Beenox pamoja na High Moon Studios zimekuwa zikisaidia sehemu mbalimbali. Mtu akiuliza leo nani hutengeneza Call of Duty, jibu la jina moja litakuwa si kweli.

Kuna jambo zito zaidi ya hilo. Tarehe 1 Machi 2010, miezi michache baada ya Modern Warfare 2 kuingiza takriban dola milioni 310 kwa siku moja Amerika ya Kaskazini na Uingereza, Activision iliwafukuza wakuu wa Infinity Ward, Jason West na Vince Zampella. Kampuni iliwatuhumu kwa kuvunja mkataba na ukaidi. Wao walifungua kesi wakidai kwamba walinyimwa mrabaha wao, na kwamba makubaliano ya mwaka 2008 yaliwapa mamlaka ya ubunifu juu ya michezo yote itakayobeba jina la Modern Warfare. Makumi ya wafanyakazi waliondoka, wengi wakajiunga na Respawn Entertainment, studio mpya ya wakuu hao. Kesi ilimalizwa mwaka 2012 kwa suluhu ambayo masharti yake hayakutangazwa. Activision ilibaki na jina la Call of Duty na jina la Infinity Ward pia, na michezo ikaendelea kutoka ikiwa na nembo ile ile ya studio, ingawa wengi wa waliokaa nyuma ya nembo hiyo walikuwa wengine.

Kwa hiyo nawauliza wanaosema mfululizo huu ni wa studio: studio ipi? Jina lililoandikwa mlangoni, au watu waliotoka mlangoni humo mwaka 2010? Studio nayo ni kampuni, hununuliwa, huuzwa na hujazwa watu wapya. Kuitetea studio dhidi ya mchapishaji aliyekwisha kuinunua ni kutetea mfuko mmoja wa mwenye mali dhidi ya mfuko wake mwingine. Sifa tunazoimwagia Infinity Ward kila mwaka, bila kuuliza nani hasa alifanya kazi, ni kilemba cha ukoka kwa watu waliofanya kazi hiyo.

Nawageukia sasa wanaosema swali limejibiwa na hati ya umiliki. Kwa mali, nakubaliana nao. Aliyetia fedha kabla ya kujua kama zitarudi, akaweka saini na kulipa, anastahili kumiliki alichonunua, na sitaki kudharau hatari hiyo. Bila mchapishaji anayeweza kulipa mamia ya watu kwa miaka mitatu, mchezo wa ukubwa huu haupo. Wala si kweli kwamba mkataba humnyang'anya mtengenezaji siku zote. Tazama Bungie. Microsoft iliinunua studio hiyo mwaka 2000, mchezo wake wa Halo ukatoka mwaka 2001, na Bungie ilipojitenga mwaka 2007 ilimwachia Microsoft mfululizo wake, ambao baadaye ulikabidhiwa studio iliyoitwa 343 Industries. Kwa kuwa ilikuwa imejifunza kutokana na hilo, Bungie ilipoafikiana na Activision kuhusu mchezo wa Destiny ilihakikisha haki zinabaki mikononi mwake, na kampuni hizo zilipoachana Januari 2019 Bungie iliondoka na Destiny yake. Umma uliusoma mkataba huo mwaka 2012 kwa sababu ulitolewa kama ushahidi katika kesi ile ile ya West na Zampella. IO Interactive ya Denmark nayo, Square Enix ilipojiondoa mwaka 2017, ilibaki na mfululizo wake wa Hitman, na Januari 2021 ikatoa Hitman 3 kama mchapishaji wa kazi yake yenyewe. Umiliki, basi, huamuliwa siku ya kuweka saini, na mwenye nguvu siku hiyo ndiye anayeondoka na jina. Hilo ni jambo la biashara, na nitaliacha kwa wafanyabiashara.

Ninachokikataa ni hatua inayofuata, pale mwenye mali anapochukuliwa pia kuwa ndiye mtunzi. Sheria ya hakimiliki ya Marekani ya mwaka 1976 inasema kwamba kazi iliyofanywa na mwajiriwa ndani ya majukumu ya ajira yake humfanya mwajiri atambulike kisheria kuwa mtunzi. Tusome neno hilo kwa makini. Sheria haikuishia kusema kwamba mwajiri ananunua haki za kazi. Inasema yeye ndiye mtunzi, kana kwamba mchoraji aliyekesha akichora bunduki na magofu hakuwahi kuwapo. Mkataba wa Berne, mkataba wa kimataifa wa hakimiliki, ambao tangu marekebisho ya Roma ya mwaka 1928 unataja haki ya mtunzi kudai utunzi wake hata baada ya kuhamisha haki za kiuchumi, ulianza kuifunga Marekani mwaka 1989, lakini kwa maelfu ya waajiriwa wa michezo ya video haki hiyo imebaki kwenye karatasi, maana sheria ya nchi imekwisha kuamua kwamba mtunzi ni kampuni.

Ingekuwa kampuni nyingine yoyote huenda nisingeandika kwa uchungu huu. Lakini Activision yenyewe ilizaliwa kutokana na kilio hiki hiki. Katika miaka ya 1970 Atari, kampuni ya mashine na michezo ya video, ilikuwa ikiuza kaseti za michezo bila kumtaja aliyetengeneza, hata mwandaaji programu wake Warren Robinett akalazimika kulificha jina lake katika chumba cha siri ndani ya mchezo wa Adventure. Waandaaji programu wanne, David Crane, Alan Miller, Bob Whitehead na Larry Kaplan, waliona kwamba michezo yao ilikuwa ikiiletea Atari mamilioni ya dola huku wao wakipata mshahara wa kawaida na bila kutajwa. Crane amesimulia kwamba walipokwenda kwa mkuu wa kampuni waliambiwa kuwa mchango wao haukuzidi ule wa wafanyakazi wanaounganisha kaseti kiwandani. Waliondoka, na mwaka 1979, wakiwa pamoja na Jim Levy, wakaanzisha Activision, kampuni huru ya kwanza kutengeneza michezo kwa ajili ya mashine ya kampuni nyingine. Sera yake ilikuwa kumtangaza mtunzi. Pitfall! ya mwaka 1982 ilipofika madukani ilibeba jina la David Crane, na mchezaji alijua anachocheza ni kazi ya nani. Hoja yao haikuwa kwamba fedha hazina haki. Walikuwa wakisema kwamba fedha hazitengenezi mchezo. Anayesema leo kwamba Activision ndiyo iliyotengeneza Call of Duty anarudia neno la Atari dhidi ya waanzilishi wa Activision.

Najua nitajibiwa kwamba nyakati zimebadilika, kwamba Pitfall! ilitengenezwa na mtu mmoja na Call of Duty hutengenezwa na maelfu, kwa hiyo haiwezekani kuandika majina yote kwenye jalada. Sidai jalada. Nadai orodha ya majina iliyo ndani ya mchezo, ambayo haigharimu karatasi wala wino, iwe kamili na ya kweli. Leo si lazima iwe hivyo. Red Dead Redemption 2 ilipotoka mwaka 2018, Rockstar Games ilithibitisha kwamba desturi yake ilikuwa kutowaweka katika orodha hiyo walioondoka kabla mchezo haujakamilika, ikieleza kuwa hilo huwatia watu moyo wa kufika mwisho, na walioondoka wakashukuriwa katika ukurasa wa intaneti. Mtu aliyefanya kazi miaka minne akaondoka katika mwaka wa tano amefanya kazi ya miaka minne. Kumfuta ili wengine waogope kuondoka ni kuligeuza jina la mtu kuwa chombo cha nidhamu. Tofauti inaonekana katika filamu, ambako chama cha waandishi cha Marekani ndicho kinachoamua nani atatajwa kama mwandishi panapotokea mzozo, na mtayarishaji hufuata uamuzi huo ingawa filamu ni mali yake. Waigizaji na waandishi hawakupewa hayo kwa hisani. Waliyapata kwa kujipanga.

Katika michezo, kujipanga kumeanzia chini kabisa, kwa wajaribu, watu wanaorudia hatua moja mara mia kutafuta kasoro na ambao huhesabiwa wa mwisho katika kila studio. Desemba 2021 wajaribu 12 wa Raven waliambiwa mikataba yao inakatishwa wakati Warzone ilikuwa ikiingiza fedha nyingi, wenzao wakagoma, na Mei 2022 wakapiga kura 19 dhidi ya 3 kuunda chama cha wafanyakazi. Siku hizo hizo Microsoft ilikuwa imekwisha kutangaza kuinunua Activision Blizzard kwa dola bilioni 68.7. Mamlaka ya biashara ya Marekani ilifungua kesi kuzuia ununuzi huo, ya Uingereza ikaukataa kabla ya kuukubali kwa masharti, na kwa karibu miaka miwili dunia ilijadili kama Call of Duty itaendelea kupatikana kwenye PlayStation, mashine ya Sony inayoshindana na ya Microsoft. Lilikuwa swali halali kwa wachezaji. Lakini katika mjadala wote huo wa nani atamiliki na nani atauza, swali la nani anatengeneza liliachwa kwa watu 22 waliopiga kura.

Msimamo wangu ndio huo: umiliki uende na mkataba, na studio zenye busara zifanye kama Bungie ilivyofanya kwa Destiny, lakini utunzi usiwe bidhaa inayouzwa pamoja na hisa. Kila aliyefanya kazi kwa muda unaokubalika, awe mwajiriwa, wa mkataba mfupi au aliyekwisha kuondoka, atajwe ndani ya mchezo kwa jina na kazi yake, na haki hiyo iandikwe katika mikataba ya ajira ili kampuni ikiuzwa mnunuzi airithi kama anavyorithi madeni. Nimeifikiria hoja kwamba masharti haya yatawaogopesha wawekezaji, na sijaona inavyosimama, kwa sababu haki ya kutajwa haimpunguzii mwenye hisa hata senti.

Ninachoomba kutoka kwa wanaopinga ni jibu la jambo moja mahususi. Kama mmiliki ndiye mtengenezaji, basi Oktoba 2023, siku ununuzi ulipokamilika, Microsoft iligeuka kuwa ndiyo iliyotengeneza Modern Warfare ya mwaka 2007. Anayeona hivyo ndivyo ilivyo na aeleze, na kama haoni hivyo, aseme ni nani basi aliyeitengeneza, kwa majina.