Mabao 434 ya Arthur Rowley: tumhesabu au tusimhesabu?

Mwana wa Ilala
Wakuu, jana kijiweni tumebishana mpaka kahawa imepoa. Mfungaji wa mabao mengi kuliko wote katika historia ya ligi ya Uingereza, madaraja yake yote, ni nani? Mimi nasema Arthur Rowley. Mabao 434 katika mechi 619, kuanzia ligi iliporudi baada ya vita mwaka 1946 hadi 1965. West Bromwich Albion 4, Fulham 27, Leicester City 251, Shrewsbury Town 152. Jumlisheni wenyewe. Hakuna aliyemfikia mpaka leo, na timu ya taifa ya wakubwa hakuichezea hata mechi moja. Je, huyu ndiye mfungaji bora wa ligi ile, au kwa sababu mengi kayafunga chini tumuweke pembeni?

Kiungo Mkabaji
Rowley si yule wa Manchester United aliyechukua Kombe la FA 1948?

Mwana wa Ilala
Huyo ni kaka yake, Jack. Alifunga mawili kwenye ile fainali dhidi ya Blackpool, na Uingereza aliichezea. Arthur ndiye mdogo mtu.

Sheria ya 17
Tusidanganyane. Jimmy Greaves ana mabao 357, yote daraja la kwanza, ambalo enzi zile ndilo lilikuwa la juu kabisa, mbele ya mabeki wa maana. Rowley mengi yake ni daraja la pili, na yale ya Shrewsbury ni la nne na la tatu. Bao la Shrewsbury ni bao la ndondo, mpira wa mtaani. Ukimpa mcheza ndondo rekodi, basi na mjomba wangu mpeni.

Namba Tano Mstaafu
Sheria ya 17, neno hilo umelitamka kirahisi mno. Mimi nimecheza daraja la chini misimu minne. Tulikuwa tunalala kwenye madarasa, madawati tumeyasukuma ukutani, jezi zimeanikwa madirishani. Asubuhi unavaa kiatu kibichi kwa sababu pea ni hiyo hiyo moja. Mishahara ya miezi mitatu sijalipwa mpaka leo, na timu yenyewe imeshakufa. Halafu mtu aliyekaa kwenye kochi anasema bao la kule si bao! Njoo uruke kichwa na watu wa kule, kisha urudi hapa uandike.

Sheria ya 17
Mzee wangu, sikukutaja wewe. Nimezungumzia Uingereza.

Namba Tano Mstaafu
Umesema mcheza ndondo. Mimi ndiye mcheza ndondo. Umenitaja.

Binti Kisauni
Mzee ana haki ya kuumia. Na hizi dharau za madaraja zina walakini. Dixie Dean, ambaye Rowley alimpita mwaka 1961, alikuwa na mabao 379. Ndani ya hayo, 27 aliyafunga Tranmere, daraja la tatu kaskazini. Msimu wa 1930–31 timu yake ya Everton ilikuwa imeshuka, na Dean akafunga 39 huko huko daraja la pili. Mbona ya Dean hamuyachuji? Mchele ni ule ule, chujio moja tafadhali.

Kiungo Mkabaji
Mimi ninachojiuliza, mtu mwenye kiwango hicho aliendaje Shrewsbury? Timu kubwa zilikuwa wapi? Mwanaume hukosa tamaa ya maendeleo?

Fundi Saa, Leicester
Kaka, hapo unawakosea wachezaji wa enzi zile wote. Ninaishi huku Leicester mwaka wa 19 sasa. Mshahara ulikuwa na kikomo kwa sheria ya ligi. Mwaka 1958 Rowley anaondoka Leicester kwenda Shrewsbury, kikomo ni pauni 20 kwa wiki, uwe daraja la kwanza au la nne. Kiliondolewa Januari 1961, Jimmy Hill na chama chake cha wachezaji walipotishia kugoma. Tena mkataba ukiisha, klabu ilikuwa na uwezo wa kukushikilia usiende popote. Mpaka mchezaji George Eastham alipoifikisha mahakamani Newcastle, klabu iliyomshikilia, ndipo kamba ikalegea, mwaka 1963. Sasa tamaa gani unayoizungumzia? Shrewsbury walimpa ukocha juu ya kucheza. Msimu wa kwanza tu akafunga 38, timu ikapanda daraja.

Kuna mzee jirani yangu aliyekuwa anaingia Filbert Street, uwanja wa zamani wa Leicester, utotoni. Uwanja ule ulibanwa na nyumba za matofali pande zote. Rowley ukimtaja, mzee huyu haanzi na mabao. Anainuka na fimbo yake, anakuonyesha jinsi mguu wa kushoto ulivyorudi nyuma kidogo tu, kisha anapiga kiganja mezani, pa! Halafu anajigusa paji la uso, mahali kamba za mpira wa ngozi zilipokuwa zinachana watu mvua ikinyesha. Msimu wa 1956–57 jamaa alifunga mabao 44 ya ligi kwa mpira huo.

Namba Tano Mstaafu
Msalimie mzee huyo, mwambie nipo naye.

Sheria ya 17
Kama kucheza chini hakukuwa tatizo, mshambuliaji Tommy Lawton je? Mwaka 1947 alitoka Chelsea akaenda Notts County, daraja la tatu, kwa pauni 20,000, rekodi ya nchi wakati huo. Na bado Uingereza wakamuita akiwa huko huko. Kumbe wachaguzi walikuwa wanaona mpaka chini. Rowley hawakumtaka.

Binti Kisauni
Lawton alishuka tayari ana jina, bingwa na Everton 1939. Mwenye jina akishuka, jina linashuka naye. Asiye nalo nani atapanda basi kwenda kumtazama? Na timu ilikuwa inachaguliwa na kamati ya wakubwa wa klabu, kila mmoja ana wake.

Kiungo Mkabaji
Hiyo ya pauni 20 sikuijua. Neno la tamaa nimelifuta. Ila pauni 20 wakati ule si zilikuwa nyingi?

Fundi Saa, Leicester
Zilimzidi fundi wa kiwandani, si kwa mbali kiasi unachofikiri. Na fundi hakutupwa nje akifika miaka 35. Kiangazi walikatwa pia, kikomo kikashuka hadi 17.

Sheria ya 17
Mzee Namba Tano, neno la ndondo naomba radhi, nilikosea. Lakini swali langu la Greaves liko pale juu tangu mwanzo, na wote mmelipita.

Namba Tano Mstaafu
Radhi nimeipokea, mwanangu. Greaves waulize vijana. Mimi kura yangu ni ya Rowley.